Raudha, Tulikwenda Kibamba Kuomba Radhi

Mwaka umetimia, Raudha, tangu utuache ghafla hapa Temeke, asubuhi ya Jumanne, ukiwa umeshavaa viatu vya kwenda kazini. Bado hatujazoea.

Filamu zako zilikuwa za watu walioonewa ambao hakuna aliyewahi kuwasikiliza. Siku ya kwanza nyumbani kwa mtu, kamera hukuitoa kwenye begi. Ulikaa jikoni ukachambua mchele na wenyeji. Mama yako alizoea kukutania, "We mwanangu, umesomea filamu au upishi?" Ukacheka mpaka ukashika ukuta. Na filamu ikiisha, wa kwanza kuiona alikuwa yule aliyesimulia. Akisema toa hapa, ulitoa, hata kama ndipo ulipopapenda kuliko pote.

Ya mwisho ilikuwa ya Bibi Sesilia wa Kibamba, ambaye babu yake alinyongwa na Wajerumani, na kichwa chake kikapelekwa Ulaya. Ulifariki hujamwonyesha.

Tulikukosea, Raudha. Siku ya arobaini yako, kaka yako Mashaka, kwa uchungu na kwa kujivunia wewe, alituma kipande cha filamu hiyo kwenye grupu la familia. Nasi tukawatumia wengine. Bibi akaja kujiona analia kwenye simu ya jirani. Lawama ni yetu sote, si ya Mashaka peke yake.

Mwezi uliopita tulikwenda kwake na kompyuta yako. Mashaka alishindwa hata kumaliza shikamoo. Bibi akasema, "Raudha angeniuliza kwanza." Tukamwomba radhi sote. Akaitazama filamu yote, akaomba sentensi moja iondolewe, na Mashaka akaiondoa palepale. Sasa ameruhusu watu waione. Tulirudi nyumbani tukilia, maana kazi yako tulikuwa tukiisifu miaka yote bila kuielewa.

Tunakukosa, Raudha. Nyumba imepoa.

Unakumbukwa na mama yako Bi. Tabu, mumeo Suleiman, kaka yako Mashaka, mdogo wako Najma, majirani wa Temeke, na Bibi Sesilia wa Kibamba, ambaye safari hii tulimuuliza kwanza kama tuandike habari zake na jina lake. Alisema, "Liandikeni. Nami ni mtu wake."

Mwenyezi Mungu akurehemu. Hatutakusahau maisha yetu yote.