Jiwe la Bwawani na Kanda Kumi na Tisa

Mwaka umetimia, mdogo wetu, tangu uiweke kamera chini usiinyanyue tena.

Nyumbani bado tunaongea kwa sauti ya chini. Wewe ndiye uliyetuzoesha. Wageni walikuwa wakiuliza kama kuna mgonjwa ndani, kumbe ni mtu tu aliyekaa na ndege porini hadi akasahau kupaza sauti. Tulikuita Ngoja, na jina ulilistahili: chai ingoje, wageni wangoje, mwanga haujakaa sawa. Harusini kwa dada yako ulipewa kazi ya kupiga video, ukaleta dakika kumi za nyigu juu ya keki. Alikununia mwezi mzima. Sasa hiyo ndiyo anayoiangalia.

Filamu zako za wanyama na misitu zilionwa na wengi. Jina lako lilipita mwishoni, mbiombio, watu wameshainuka. Hukulalamika.

Tunataka ujue habari ya lile bwawa ulilokwenda kila mwaka kuwapiga picha fisi maji, wale wanyama wala samaki. Kiwanda kilitaka kuongeza pampu tatu za kuvuta maji, halmashauri ikaita kikao cha wenye pingamizi. Tukaamua picha zako ziende kikaoni. Kaka yako mkubwa, asiyejua kukaa mahali pamoja, akajitolea kuzichambua. Akakuta sanduku limeandikwa "Jiwe": kanda kumi na tisa, jiwe lile lile, mnyama hakuna. Akadhani ni za kujaribia kamera, akaziweka na takataka.

"Shemeji, hizo zirudishe ndani," mkeo akamwambia.

"Hamna kitu humo. Jiwe tu na maji."

"Basi angalia maji."

Akaangalia. Kila mwaka, kabla ya mnyama yeyote, ulianza na jiwe. Kanda ya kwanza maji yamelifunika, limebaki kichwa. Ya mwisho, jiwe liko nchi kavu, mbuzi wamelala kivulini mwake.

Binti yako akaziunganisha. Zilipoonyeshwa kikaoni, wakili wa kiwanda akauliza: "Tutajuaje ni msimu ule ule? Aliyepiga hayupo." Mwenyekiti akasema bila shahidi hazipokelewi.

Mkeo, ambaye hajawahi kukanyaga bwawani, akasimama. "Begi lake la safari nilikuwa nikilifunga mimi. Niulize mwaka wowote."

"Wa sita."

"Wiki ya kwanza ya mwezi wa tisa. Mtoto alikuwa na surua. Nilimwambia mume wangu asiende, akaenda."

Wakamhoji saa nzima. Kila mwaka aliukumbuka, na kila mwaka ni wiki ile ile.

Pampu zimezuiwa, miaka miwili kwanza. Mkeo aliporudi alikaa jikoni na viatu vyake miguuni. "Siku zote alizokuwa bwawani nilizihesabu kwa hasira, shemeji," akasema. "Leo nimeulizwa, hata moja haijapotea."

Unakumbukwa na mkeo, binti yako, dada yako, na kaka yako mkubwa aliyeandika haya. Tukiwa hai, utakumbukwa.