Fainali Uliyoniachia

Baba Halake,

Salaam aleikum, wewe uliyetangulia. Sijui huko mnapata barua kwa njia gani, lakini hata hapa duniani habari za mpira zilikuwa zinakufikia kabla mwenye kuzileta hajashuka kwa gari, kwa hivyo hii nayo najua itakufika. Naandika kwa Kiswahili kwa sababu ndicho nilichofundishwa kuandika shuleni. Ukikuta makosa, cheka, nimezoea.

Kwanza, tuko wazima. Yule mbuzi wa pembe moja amezaa mapacha, wote majike. Halake amepanda darasa na sasa anajifanya mwalimu wa nyumba nzima. Mvua ilinyesha vizuri, na paa la jikoni linavuja pale pale uliposema umetengeneza. Bucha iko wazi, Guyo anaiendesha, na kila Ijumaa analeta nyama hapa nyumbani, na figo anazopenda mama yako hasahau. Mama yako hajambo. Miguu ndiyo inamsumbua, mdomo hauna ugonjwa wowote.

Mimi bado niko eda. Navaa nyeupe, nakaa ndani, na mwanamume akija anaishia nje ya ua. Unanijua, mimi ni mtu wa soko, mtu wa kusimama na kila mtu njiani. Sasa nimekaa mpaka nawajua kuku wa jirani kwa sauti.

Tuje kwa ile kazi yako. Siku tunakupandisha kwa gari la kwenda hospitali kule Meru, umeshika tumbo, midomo imekauka, mimi nimesimama hapo nikingoja useme neno la maana kwa mke wako. Ukaniambia, "Nikichelewa kurudi, niangalizie fainali. Kwa macho. Usiniletee ya redio." Wallahi, ningekuwa na mwiko mkononi ningekuchapa nao. Lakini nilikuambia sawa. Mwewe, timu yako, walikuwa wametoka kushinda nusu fainali, wewe umekesha na furaha na maumivu pamoja, na ulikuwa umesema tangu zamani kwamba mtangazaji wa redio anapamba mpira kama bibi harusi. Ukaenda, hukurudi. Fainali ikabaki kwangu, na mimi siruhusiwi hata kufika kwa duka la pembeni.

Nilikaa nayo siku kadhaa kama mtu aliyemeza mfupa. Mwishowe nikamwambia mama yako. Nilidhani atanifokea. Akazungusha tasbihi yake, halafu akasema, "Hata kama ni upuuzi, ni neno lake la mwisho. Fimbo yangu iko wapi?"

Baba Halake, mama yako ametembea huu mji wote wa Isiolo akiuliza ni wapi mpira wa mwanawe utaonyeshwa. Alianza na ile klabu ya maofisa. Askari wa geti akamuuliza kama yeye ni memba. Akamjibu, "Mimi ni mama." Askari hakufungua. Akaenda misheni. Padri alimkaribisha vizuri, akampa na kiti, lakini TV yao iliharibika na ilipelekwa Nairobi, na huko imepapenda, haijarudi. Halafu, shika moyo wako kama huko mnayo, akaingia baa. Ndiyo, baa! Na tasbihi mkononi! Watu wakaficha chupa chini ya meza, na wengine wakajificha pamoja na chupa. Wawili wa kwetu walimsalimia kutoka huko chini. Yeye alitazama ile TV iliyowekwa juu ukutani, akamwambia mwenye baa kwamba picha ni nzuri sana ila hapa si pa kumkalisha mke wa mwanawe, akatoka. Jioni hiyo alinitajia majina ya wote aliowaona. Siyaandiki, lakini yule aliyekuwa anakusuta kwa kukosa swala ya alfajiri alikuwa mmoja wao.

Akarudi amechoka, ameketi mlangoni anasugua magoti, ndipo Mama Kanana akapita. Humjui vizuri, walihamia wakati ule ule ulipoanza kuumwa. Ni Mmeru, mume wake ni wa ofisi ya maji, wanakaa nyumba ya tatu kutoka kwetu. Akamuuliza mama yako anatoka wapi na hilo vumbi lote. Mama yako akamwambia. Mama Kanana akashangaa, akasema, "Lakini nyanya, si TV iko kwangu?" Kumbe zile fito za chuma juu ya nyumba yao ni antena! Sisi siku zote tulisema hawa watu wa milimani wanaanika nguo juu sana.

Nyumba ya tatu. Ningetema mate yangefika. Lakini eda ni eda, na mama yako hataki mtu aseme mjane wa mwanawe alionekana nje akifuata mpira. Basi akaenda kwa mwalimu wa madrasa kumuuliza kama hii ni dharura ya kumtoa mtu. Unajua mwalimu alivyo mzito. Alifikiri, akashika ndevu, akauliza kwanza, "Ni fainali?" Akaambiwa ni fainali. Akasema mjane abaki nyumbani kwake, lakini yeye hajasoma mahali popote panapozuia TV kumtembelea mjane, maana TV si mwanamume.

Siku ya mchezo TV ikaja kwa wilbaro. Mama Kanana aliifunika na leso yake, akatembea kando yake ameishika kama mgonjwa. Umeme nyumbani kwetu haujafika, kwa hivyo Guyo alitoa betri ya lori na kusimamisha antena kwa mti mrefu nje ya ua, akawa anaizungusha tukimpigia kelele kutoka ndani, bado, bado, rudi, hapo hapo! Mimi sikumpigia kelele. Nilikuwa simsemeshi Guyo.

Hili lazima nikuambie, maana ni rafiki yako. Yeye ndiye alikuwa na wewe hospitali, na yeye ndiye aliyerudi. Alifika asubuhi nikiwa jikoni, akaketi, akaniomba chai. Akauliza mbuzi wako wapi. Akauliza mtoto analala vizuri. Akaniambia hili paa linahitaji bati mpya. Nikamwongezea chai, akanywa tena polepole, na mimi nikicheka, nikimweleza vile nitakugombeza ukirudi kwa kuniachia kazi za kijinga. Alikaa akanisikiliza mpaka nikamaliza. Hapo ndipo aliniambia. Moto ulikuwa bado unawaka na wewe ulikuwa umekufa tangu usiku. Nilimchukia, Baba Halake. Niliona amenifanya mjinga, nimecheka mbele yake na yeye anajua. Nyama ya Ijumaa nilikuwa naipokea kwa mkono wa mama yako.

Basi tukaketi. Ndani wanawake: mama yako, Mama Kanana, Tume anayetuuzia maziwa, na mimi karibu na dirisha. Nje ya ua, Guyo na wanaume wa bucha wameketi juu ya mawe, hawaoni kitu. Na hiyo TV, sauti yake ilikufa zamani. Mama Kanana alisema yeye husoma midomo tu. Kwa hivyo wanaume wakaweka redio yako hapo nje, na sisi tukitangaza kwa dirisha, na haikuchukua muda redio na sisi tukaanza kukosana. Redio inasema shuti kali ajabu, sisi tunaona mpira umeenda kwa watazamaji. Mama yako akapaza sauti, "Zimeni hiyo! Mwenyewe hakuiamini!" Guyo akazima.

Hapo tukabaki sisi ndio redio. Laiti ungesikia. Guyo anauliza, "Nani ako na mpira?" Tume anasema mrefu. "Mrefu wa kwetu ama wa kwao?" Wote ni warefu! "Si Mwewe wamevaa nyekundu?" Huku ndani hakuna nyekundu, wote ni majivu! Mama yako akamwona refa na nguo zake nyeusi, akamuuliza Mama Kanana kama huyo naye amefiwa, maana kwao ndiyo rangi ya msiba. Mama Kanana alicheka mpaka akashika ukuta. Nje wanaume wanalia, "Kuna nini? Ni goli?" Hakuna goli, ni refa, tunamhurumia.

Lakini polepole nikaanza kuelewa. Nilianza kumjua namba tisa kwa vile anavyokimbia ameinamisha kichwa. Nikaona yule beki uliyekuwa unamtukana jikoni kwangu kila Jumapili, na nakuambia kwa macho yangu, ulimwonea. Yule mtu anafanya kazi. Wenzake wakienda mbele kutafuta sifa, yeye anabaki nyuma peke yake na shida zao.

Mwewe walifunga kwanza. Namba tisa, kwa kichwa. Nilisimama nikapiga kelele mpaka Mama Kanana akaziba masikio, na kule mjini baa nzima ikalipuka, na nje wanaume wakaanza kukumbatiana. Halafu nikajiona nilivyo na hizo nguo nyeupe. Nikashika mdomo. Nilikuwa sijapaza sauti tangu siku ile ya kukulilia. Mama yako akaniangalia, machozi yako machoni mwake na anacheka, akasema, "Piga tu. Angepiga."

Wageni, hao wapinzani, wakarudisha goli. Hiyo niliwaambia wanaume papo hapo, wakaguna, wakamlaumu kipa bila kumwona. Ikabaki moja kwa moja, na dakika zinaisha, na nje wameanza kupanga. Guyo alikuwa amesimama, nasikia sauti yake, anawaambia Mwewe wakienda muda wa nyongeza hakuna wa kuwaweza, atachinja dume, atapeleka nyama nyumba kwa nyumba, na ya kwanza italetwa hapa. Alikuwa anaongea kama siku za zamani, wewe ukiwa kando yake.

Na hapo wageni wakafunga.

Ilikuwa haraka. Mpira uligonga mguu wa mtu, ukageuka, ukaingia taratibu kabisa kama mtoto anayeingia kwao. Mama Kanana akafungua mdomo, mama yako akamshika mkono. Mjini kimya. Wote wakanigeukia mimi, maana dirisha ni langu. Nje Guyo anacheka, anabishana juu ya mapaja ya dume. Nikafungua mdomo nimwambie, na haikutoka. Nilitaka amalize tu hiyo sentensi yake. Halafu nikataka amalize na ya pili. Nilikuwa najua, na yeye hajui, na furaha yake ilikuwa mkononi mwangu, na wallahi sikuweza kuivunja. Refa akapiga kipenga cha mwisho na mimi bado nimesimama pale.

Akaita, "Mama Halake! Mbona mmenyamaza? Tunaenda nyongeza?"

Nikamjibu. Neno langu la kwanza kwake tangu asubuhi ile ya jikoni. Nikamwambia, "Guyo, umekunywa chai?"

Nilisikia mbuzi akijikuna kwa ua. Halafu akauliza, na sauti ndogo, "Tumefungwa?" Nikasema tumefungwa. "Saa ngapi?" Saa hii, kitambo kidogo. "Na ukaniacha nikifurahi?" Nikamwambia, "Nilikuacha, ndugu yangu. Na wewe uliniacha." Akalia, mtu mzima yule. Wenzake walidhani ni mpira, wakamwambia wacha, Guyo, kuna mwaka ujao. Mimi nililia kwa upande wangu wa dirisha, na nilicheka pia, sijui kipi kilianza.

Nikaweka sufuria ya chai motoni, ile kubwa ya harusi. Mama yako akavipitisha vikombe juu ya ua kimoja kimoja, na wanaume wakakaa hapo mpaka magharibi wakibishana juu ya mchezo ambao hawakuuona, na kila wakikwama wanamuuliza mama yako, na yeye anawaamulia. Sasa amekuwa mtu mkubwa. Jana alimwambia mwalimu wa madrasa kwamba Mwewe wanahitaji kipa mwingine, na mwalimu akakubali.

Ijumaa hii Guyo alileta nyama, nikaipokea mwenyewe kwa dirisha. Tuliongea kidogo. Aliniambia usiku ule hospitalini ulilala bila maumivu, hilo alikuwa hajapata nafasi ya kuniambia. Nimelishika.

Sasa wacha nikuage, taa inahitaji mafuta. Nikitoka eda nitarudi soko, na msimu ukianza TV ya Mama Kanana itakuwa inakuja hapa, tumeshakubaliana, mume wake anasema afadhali. Nakuahidi nitaangalia kila mchezo, na nitakuambia mchezo ulivyokuwa, hata ukiwa mbaya, hata ofsaidi nitajifunza. Mungu akupe nafasi pana na kivuli.

Nimekuandikia mbuzi, paa, baa, mpaka ndevu za mwalimu, na ningeendelea kama karatasi isingeisha. Walifungwa mbili kwa moja, mume wangu. Nimeona kwa macho yangu. Walicheza vizuri.

Mama Halake