Sauti ya Kupikia Sombe

Alhamisi, baada ya magaribi

Na kikohozi hiki kimenishinda leo, mbele ya chungu.

Sisi hatupiki sombe, majani haya ya muhogo, kwa kuni. Sauti njo moto wetu. Unainamia chungu, unavuma chini chini mpaka majani yalegee na uchungu utoke. Ukikata sauti katikati, yanarudi mabichi. Na wageni waliokuja kumuposa mujukuu wangu walikuwa wamekwisha kukaa mukekani!

Kikohozi kikanikata. Zaituni, muke wa mwana wangu, ninayemufukuza chunguni kila siku kwa sababu sauti yake nyembamba inaunguza, akainama bila kuitwa, akadaka sauti palepale nilipoiacha. Nzito kama yangu.

Wageni walipokwenda nikamuuliza, “Nani alikufundisha?”

“Wewe, mama. Ukinifukuza, ninasikiliza nyuma ya ukuta.”

“Mwizi we! Na chumvi umezidisha.”

Hakuzidisha. Wageni walilamba vidole, posa wameiacha mukononi mwetu.

Ninaogopa sauti yangu ya kupikia hairudi tena. Asante sikumupa, mudomo ulikataa. Kesho nitamuachia kigoda changu cha chunguni. Nitasema ni mugongo unaniuma.