Nusu Aliyoikata Senarath

Ella, 3 Machi 2014

Mwanangu Senarath,

Hujambo? Wajukuu hawajambo? Mimi mzima, ila goti.

Uliponiambia, "Mama, simulia habari za mfalme Ravana, wajukuu wakusikie," ukanirekodi kwa simu, nilifurahi. Jana Somapala wa dukani kanionyesha uso wangu kwenye simu yake. Humo nasema Ravana alikuwa mganga, mjuzi wa nyota, basi. Nilisema pia alimwiba mke wa Rama, mfalme wa ng'ambo, na Vibhishana, ndugu yake Ravana, mungu wetu wa hekalu la Kelaniya, akamsihi amrudishe. Hayo yako wapi? Na kwa nini sauti ya mtu inamwita Vibhishana msaliti, huku mimi naonyeshwa nikiitikia kwa kichwa?

Watu wamekuja na majembe kutafuta mwili wa mfalme, eti umelala huku milimani kwetu.

Mama yako

Kelaniya, 20 Machi

Mama mpendwa,

Napiga magoti miguuni pako. Sisi wazima.

Usikasirike. Waliokutazama ni maelfu! Tumechoka kuambiwa mfalme wetu alikuwa zimwi. Na mtu aliyemuuza nduguye kwa wageni, huyo mungu gani? Hao wenye majembe ni wenzangu wa chama cha kumtetea Ravana. Wakaribishe chai.

Mwanao

Ella, 11 Aprili

Senarath,

Hamjambo? Wenzako wametoboa ukingo wa mfereji wa shamba, maji yameshuka korongoni, mpunga umekauka. Hilo nimelimeza. Lakini wanawake wa safari ya hija wamenicheka: "Dada Menike, Kelaniya utafuata nini, nawe unamtukana mungu mwenye nyumba?"

Mimba mbili ziliharibika kabla yako. Nadhiri ya kukupata niliiweka kwa Vibhishana, na unajua. Waambie watu mama hakusema vile.

Mama yako

Kelaniya, 29 Juni

Mama mpendwa,

Goti linaendeleaje? Samahani kwa kukawia. Chama kimenichagua msemaji, nikikanusha sasa tutaumbuka wote. Vumilia. Njoo upumzike kwangu, nitakupokea stesheni.

Mwanao

Ella, 17 Agosti

Senarath,

Natumaini mu wazima.

Jumamosi nilikuja Kelaniya. Nilimpelekea Vibhishana sinia la matunda. Kuhani akanong'ona, "Wewe si yule mama wa kwenye simu?" Nikajibu kwa sauti, foleni nzima isikie: "Uso ni wangu. Uongo ni wa mwanangu." Hakuna aliyecheka. Mwanamke mmoja akanishika mkono, akanipisha mbele.

Kisha nikafika langoni kwako. Nilikusikia ndani, wewe na wenzako, mkicheka. Nikasimama mpaka goti likakataa.

Sikubisha hodi.

Mama yako