Shemeji Alipopiga Magoti

Jumanne, 3 Juni 2003

Suruali mbili za kupunguza kiuno. Sare za kwaya bado. Manyunyu tangu asubuhi, mlima haujaonekana wiki nzima. Cherehani inakata uzi. Nimeipiga kofi ikakaa sawa. Vitu vingi hukaa sawa hivyo.

Mchana aliingia dukani kijana wa Dar, Sudi, anayetengeneza filamu za video. Aliniona kanisani wakati wa Pasaka nikiigiza mke wa Pilato. Anataka niwe mama wa marehemu kwenye filamu yake ya mauaji. Akasema ni nafasi ndogo, nisivunjike moyo. Alisema kama mtu anayetoa pole. Nilitaka kukataa. Halafu akataja wanakopigia picha: Old Moshi, kwenye kihamba cha Eliakimu, shamba la migomba la ukoo.

Eliakimu ni shemeji yangu, mdogo wa mume wangu. Miaka sita iliyopita, siku tunamzika mume wangu, alisimama mbele ya waombolezaji akasema nimemwekea kaka yake sumu. Daktari alishasema ni ini. Nilifukuzwa na kanga mbili kabla udongo wa kaburi haujakauka, na kaburi sijaliona tena. Migomba ile nusu yake niliipanda mimi.

Sasa nitaingia kwa mlango wa mbele, nimepakwa poda. Nimekubali.

Alhamisi, 5 Juni

Sudi kaniachia kanda za video nijifunze. Filamu za taharuki, zote za watu waliopata tuzo za mwigizaji msaidizi. Anasema mhusika mkuu ndiye anayebeba filamu mgongoni, lakini msaidizi anakuja mara moja, anachoma, anaondoka, na watu wanarudi nyumbani na jeraha lake.

Nimeazima deki kwa jirani. Nimetazama mbili. Ya kwanza, mama mwenye nyumba anawadanganya polisi huku anawamiminia chai, na chai haimwagiki. Nimemrudia mara nyingi. Mhusika mkuu sikumbuki hata sura. Alikuwa anakimbia tu na kupiga kelele.

Ya pili, mlinzi wa gereza. Anacheka pale ambapo mtu yeyote angelia. Kapewa tuzo kwa hicho kicheko. Mimi ningempa pia.

Jumamosi, 7 Juni

Kaja Aika na mkungu wa mshare. Ni binti wa Eliakimu. Katika nyumba ile ni yeye peke yake anayenisalimu. Kila mwezi ananiletea ndizi za migomba yangu, baba yake anajifanya hajui.

Anaolewa Desemba, tarehe ishirini na saba. Mchumba ni wa Sanya Juu, fundi wa matrekta. Anapolitaja jina lake anatazama chini, kumbe bado wako wasichana wa hivyo.

Akaniambia baba yake naye kapewa nafasi kwenye filamu. Yeye ndiye muuaji. Nimecheka mpaka nikajidunga sindano.

Jumatatu, 9 Juni

Nimeletewa maandishi ya filamu. Nimeyasoma nimesimama, halafu nikakaa.

Onyesho la mwisho, muuaji anakuja kwa mama wa marehemu na jani la sale mkononi. Anapiga magoti. Mama analia, analipokea jani, anamsamehe. Sudi anajivunia sana. Anasema mzee Eliakimu ndiye aliyempa wazo hilo, kwamba ni mila nzuri ya huku kwenu. Na zaidi, mzee kaahidi kuleta wazee watatu wa ukoo wakae nyuma wajaze picha, bure kabisa.

Mtoto wa Dar. Atajuaje?

Huku kwetu mtu akikukosea, akaja na sale mkononi mbele ya wazee, humkatalii. Hata kama alikuchomea nyumba. Ukikataa, mkosaji unakuwa wewe. Na nimeshasikia sokoni kwamba wazee wa ukoo wamemwambia Eliakimu hawatakaa kwenye harusi ya Aika mpaka aje aniombe radhi. Miaka sita hakuijua njia ya dukani kwangu. Sasa kaipata: kamera mbele, wazee nyuma, mimi katikati na machozi niliyoandikiwa. Nikilipokea lile jani, limeshapokelewa. Nani atakwenda kwa wazee kuwaambia ulikuwa mchezo?

Nimemwambia Sudi onyesho ni zuri sana. Sitabadilisha hata neno.

Alhamisi, 12 Juni

Nimefanya.

Tulifika asubuhi. Nyumba imepakwa rangi upya. Kaburi halionekani kutoka uani, migomba imeziba. Eliakimu alinisalimu kwa adabu, shemeji habari za siku nyingi, mbele ya wale vijana wa taa. Nikamwitikia. Amenenepa shingo. Wazee watatu walikuwa wamekwisha kukaa kwenye benchi, kofia magotini, kama wako kanisani. Niliwaamkia shikamoo mmoja mmoja.

Sudi alinikalisha kwenye kigoda na beseni la ndizi za mtori. Nimenye tu, akasema, nikimwona anakuja niache kisu nianze kulia.

Eliakimu akaja. Magoti yake mabovu, najua tangu zamani. Alishuka taratibu akishika ukuta. Jani lilikuwa la kweli, bichi, limekatwa asubuhi hiyo. Akaanza maneno ya filamu. Halafu akayaacha. Akaingia Kichagga. Akasema alisema uongo msibani. Akasema alijua ni ini, daktari alimwambia yeye kabla yangu. Akasema alikuwa na uchungu na alitaka kihamba, vyote viwili, na hajui kipi kilitangulia. Jasho lilimtoka.

Miaka sita nimeyasubiri maneno yale. Nikachukua ndizi nyingine nikamenya.

Sikumtazama. Sikukataa. Sikunyoosha mkono. Nilimenya ile, nikamenya nyingine. Niliona Sudi anawaonyesha vijana kwa mkono waendelee, wasikate. Mzee mmoja alikohoa. Eliakimu alinyamaza akabaki mkono mbele. Nilisikia goti lake likisaga kokoto. Nilipunguza kasi. Beseni lilikuwa limejaa nami sikuwa na haraka, nilitoa hata zile nyuzi ndogo ambazo hakuna anayezitoa. Manyunyu yakaanza. Nilipomaliza niliosha mikono, nikakunja kanga, nikaingia ndani nikafunga mlango. Polepole.

Nilisimama gizani nyuma ya mlango nikitabasamu. Nje Sudi akaanza kupiga makofi peke yake.

Ijumaa, 13 Juni

Wazee wamegawanyika, nimesikia. Mmoja anasema nimekataa. Mwingine anasema kukataa ni kwa mdomo, na mdomo haukufunguka. Wa tatu anasema shauri halijaisha, basi. Eliakimu hakuweza kunyanyuka, aliinuliwa na wale vijana wa taa.

Nimelala vizuri ajabu.

Jumapili, 12 Oktoba

Filamu imetoka. Nimekwenda kuitazama Kwa Sadala, kwenye kibanda cha video, nimejifunga kitambaa nisitambulike. Mabenchi yamejaa, wengine wameketi chini. Mhusika mkuu ni askari kanzu, anakimbia sana migombani. Watu walikuwa wanapiga soga.

Onyesho langu lilipoanza walinyamaza. Sudi hakukata hata kidogo. Kichagga kakiacha vilevile, hakukielewa, kwake ni sauti ya kilio tu. Lakini Kwa Sadala wanaelewa. Nilisikia mama mmoja nyuma yangu akisema, "Huyu mbona si wa filamu? Huyu anaungama kweli." Mwingine akamwambia, "Si ndiye yule Eliakimu wa Old Moshi? Na yule ndiye shemeji yake mwenyewe."

Nilitoka kabla taa hazijawashwa. Nilinunua maparachichi. Nilijihisi mrefu.

Jumatano, 29 Oktoba

Watoto wa shule wakimwona Eliakimu njiani wanapiga magoti na kunyoosha mkono mtupu. Mteja ndiye aliyenisimulia, akiangalia uso wangu. Nikamwuliza pindo alilitaka upana gani.

Jumamosi, 22 Novemba

Dar. Joto la kunuka. Nimeshinda.

Mwigizaji bora msaidizi wa kike. Ukumbi ulikuwa na feni ambazo hazikuzunguka. Mwamuzi mmoja, mama wa miwani, alisoma kwamba kimya changu kinatisha kuliko kisu chochote kilichoonekana kwenye filamu za mwaka huu. Akaniuliza jukwaani nilikuwa nafikiri nini wakati ule. Nikasema nilikuwa nafikiri ndizi. Walicheka, wakapiga makofi wamesimama. Askari kanzu wetu hakupata kitu, alinikumbatia kama mtu anayenikaba.

Tuzo ni ya kioo, inafanana na chombo cha kuwekea maua. Nzito. Nimeipakata safari nzima ya kurudi Moshi. Furaha ninayo, siwezi kusema sina.

Jumatano, 3 Desemba

Wazee watatu wamekuja dukani. Niliwaamkia, niliwapa viti. Wanataka neno moja. Ndiyo au hapana. Harusi iko karibu, na wao hawawezi kukaa kwenye sherehe ya binti na shauri la baba liko wazi. Wakwe wa Sanya Juu nao wameiona filamu. Wanauliza kama ukoo huu una amani.

Niliwaacha wamalize. Halafu nikawaambia kwamba filamu imekwisha, mimi ni mwigizaji tu, na mwongozaji hajanipa maneno mengine.

Mkubwa wao alivaa kofia yake. "Mama, ukali una mwisho," akasema. Nikamwuliza chai au kahawa.

Alhamisi, 11 Desemba

Wakwe wamerudisha maneno. Hawataki tena. Wamesema kwa heshima zote, na hiyo ndiyo mbaya zaidi. Fundi wa matrekta hakuja mwenyewe, alimtuma mjomba.

Eliakimu anastahili. Nimeandika sentensi hiyo nikaisoma tena. Anastahili.

Jumanne, 16 Desemba

Aika kaja. Safari hii bila ndizi. Niliacha cherehani nikamwekea kiti, hakukaa.

"Shikamoo, mama mkubwa."

"Marahaba, mwanangu."

Akatazama ile tuzo rafuni. Nimeiweka kati ya nyuzi nyeusi na nyeupe, kila mteja anaigusa. Yeye hakuigusa. Akasema nataka ujue kitu, sikuja kukulaumu. Baba alikuwa anataka kuja dukani tangu mwaka juzi. Alikuwa anafika hadi pale stendi anageuka. Anaogopa utamfukuza mbele za watu, na anajua angestahili. "Ni mimi niliyempa hilo wazo la filamu," akasema. "Nilimwambia omba hiyo nafasi, uyaseme mle ndani, mkiwa na wazee hatakufukuza. Alikuwa anajifunza yale maneno zizini, anamwambia ng'ombe. Nilidhani nawasaidia wote wawili. Nilitaka wewe ukae meza ya mbele siku yangu."

Nilikuwa nimeshika mkasi. Nilijua kwamba hapa mtu husema kitu. Nilitafuta. Nilihisi uso wangu unajipanga wenyewe, ule ule wa filamu, midomo kwanza halafu macho. Sikuuita.

Alingoja kidogo. Halafu akaniaga vizuri.

Jumatano, 17 Desemba

Sikufungua duka.

Nimekasirika. Na mtoto, kwa kujipendekeza na hekima zake. Na Eliakimu, kwa kujificha nyuma ya mtoto. Na wale wa Sanya Juu. Nimekasirika na kila mtu mpaka nikafika kwangu, nikaenda kufua.

Jumamosi, 27 Desemba

Leo ndiyo tarehe ya Aika. Mji mzima ni harusi, magari yanapita na maua na tarumbeta. Nimefunga madirisha. Nimemaliza gauni la mtu mwingine, nimeshona mkono wa kushoto kulia. Nimefumua.

Sudi kaniletea habari kwamba ana filamu nyingine. Mama anayemwuzia polisi mwanawe. Nafasi ndogo, anasema, sasa anasema akicheka. Wananitaka kwa sababu ya uso. Sijajibu.

Jumamosi, 3 Januari 2004

Nimepanda Old Moshi asubuhi. Hakuna aliyenizuia. Eliakimu alikuwa mlangoni pa zizi na majani ya ng'ombe mikononi. Aliniona, akavua kofia, akaingia ndani. Anachechemea.

Aika alikuwa kaburini anafyeka. Kumbe ndiye anayelitunza. Msalaba umesimama wima, herufi zimepakwa rangi juzijuzi. Miaka sita nilidhani ni msitu. Kulikuwa na fyekeo la pili limeegemezwa kwenye mgomba, nikalichukua, nikaanza upande wa chini. Hakunikataza.

Tulifanya kazi. Mlima ulikuwa wazi, theluji yote, hakuna aliyeutazama. Nilikuwa nimeyapanga maneno ya kumwomba radhi tangu stendi. Niliyapanga tena nilipofika kwenye msalaba. Aika alisimama, akajifuta shingo.

"Hapa hakuna kamera, mama mkubwa," akasema. "Sema tu."

Nilifungua mdomo. Sauti haikuja. Nilijaribu tena, nikasikia pumzi yangu tu, na majani. Aliniangalia mpaka akachoka kuniangalia, si kwa hasira. Akainama akaendelea, nami nikaendelea. Tulipomaliza alikusanya nyasi, akazifunga kwa ganda la mgomba, akaenda kuwalisha ng'ombe.