Jina la Léonard Kwenye Filamu

Paris, 4 Machi 2021

Mama mpenzi,

Salamu nyingi. Goti limepoa? Mimi mzima, ila furaha imeninyima usingizi. Miaka yote hii Wafaransa wananipa kuigiza bawabu, dereva, hata maiti. Sasa nimepata nafasi kubwa kwenye filamu ya televisheni ya mfululizo: kamanda wa msituni! Mwongozaji hajui Kiswahili, akaniambia niseme lolote linalonijia mdomoni. Nikawaka, Mama. "Muniletee Léonard wa Nyamitaba! Ngombe yake njo ilikula maharagi yetu!" Wote walipiga makofi.

Mwanao,
Jean-de-Dieu

Nyamitaba, 20 Septemba 2021

Mwanangu,

Nakusalimu kwa jina la Yesu. Goti si kitu, moyo ndio unaouma. Filamu yako imefika huku kwenye simu za watu, kipande kifupi tu, bila maelezo: wewe, bunduki, na jina la jirani yetu. Mtu aliyebeba jeneza la baba yako! Umesahau kwamba huku kwenye vita, aliyetajwa na mwenye bunduki hangoji kuona? Alilala porini, kisha akakimbilia Walikale. Mke wake Colette anavuna peke yake, wala haitikii salamu yangu. Kanisani watu wanahama benchi langu. Njoo useme mwenyewe.

Mama yako

Paris, 2 Oktoba 2021

Mama,

Unakula? Mvua zimeanza? Barua yako nimeisoma mara tatu. Lakini tunaanza sehemu ya pili ya filamu, na nikiondoka watamweka mwingine. Nafasi kama hii sitaipata tena. Nimejirekodi video nikimwomba Léonard msamaha. Nimeituma kwenye simu yako, tafadhali mwonyeshe Colette.

Mwanao,
Jean-de-Dieu

Nyamitaba, 15 Oktoba 2021

Mwanangu,

Hatujambo, kwa kusema tu. Colette ameitazama video mpaka mwisho. Ulilia vizuri. Akanirudishia simu: "Mama Jean, huyu mutoto wanamulipa juu ya kulia. Nitajua aje kama ni kweli?" Nimeitazama tena, mimi niliyekuzaa, na sikujua.

Mama yako

Nyamitaba, 12 Desemba 2021

Mwanangu,

U mzima? Mbona kimya? Nimekuudhi? Jibu hata neno moja.

Mama yako

Walikale, 9 Januari 2022

Mama,

Nisamehe kwa kimya. Ungejua niko njiani ungenikataza, kwa hofu ya barabara. Kule Paris wameshamweka mwingine.

Nimemkuta Léonard sokoni, anapakua mizigo. Amekonda. Nilipomwita aliangusha gunia, akatafuta pa kukimbilia. Nikapiga magoti kwenye matope, nikamweleza yote. Akaniinamia, akauliza:

"Na hapa, Jean? Hapa pia unacheza filme, ao ni kweli?"

Nimemwambia nitabeba mizigo naye mpaka atakapoamua kurudi nyumbani. Hajakubali, wala hajanifukuza. Mama, machozi yalinijaa, nikayazuia kwa nguvu zangu zote. Niliogopa akiyaona hataniamini tena.

Mwanao,
Jean-de-Dieu