Ile Meza ya Mashine Iko Wazi

Kambi ya wakimbizi ya Dzaleka, Jumatatu nyuma ya Pasaka

Kwa mukwe wangu Asani, fundi wa nguo, Biwi, Lilongwe

Mi muzee Zihindula, miaka makumi saba na nane, nakusalimia. Nilipita vita mbili, kipindupindu, moto uliokula nyumba yangu, na daktari wa Bukavu aliyesema sitamaliza mwezi. Ye njo alitangulia kaburini. Kama maandishi yanapinda, laumu bic, akili iko sawa. We je, uko muzima? Kile kikohozi kilikuachilia? Mama yako anapata usingizi? Sisi huku tuko, nsima tunakula, mvua imetuachia matope tu.

Najua kwetu baba-mukwe haingii mambo ya nyumba ya mutoto wake. Anangoja mukwe alete bazee na mbuzi, bantu bakae, baseme. Nilikungoja. Na we ulingoja tukuite. Sasa Cadeau, ule wa kabaza, baiskeli ya kubeba bantu, ananiambia unatafuta nafasi kwenye lori ya Afrika Kusini, na kichwa ya mashine ya kushona umeshaifunga ndani ya blanketi. Njo maana navunja desturi. Muzee mwingine hapa Dzaleka asingeweza, banaogopa midomo ya bantu.

Tukumbuke vizuri. Asubui mutoto wangu Olga, bibi yako, alikuita malaika, akakupikia sombe ya muhogo. Jioni ukichelewa juu minibasi imekufa Lumbadzi, ulikuwa adui, nguo zako ziko inje. Ukishika njia, anakukimbilia pekupeku mpaka barabarani, analia usimuache. Unarudi, munacheka kidogo, inaanza tena. Ukachoka. Sikulaumu, hata mi ningechoka, na mi sichokake. Siku ya mwisho alisema toka, usirudi. Ukafungua kichwa ya mashine, ukaipandisha kwa kabaza ya Cadeau, meza ikabaki na tundu yake katikati. We ulifikiri umebeba kazi. Olga aliona umebeba ndoa.

Kisha alijiumiza mwenyewe. Hilo hatukukuambia. Nilimupeleka kliniki, na kule akapatana na mama mumoja Murundi, Akeza, mushauri wa mambo ya moyo. Alimuuliza maswali miezi na miezi, mwisho akatupa jina: banaita borderline. Olga ameniruhusu nikuambie. Mi nilimujibu Akeza ya kuwa sina mutoto wa ugonjwa wenye jina refu, nina mutoto wa kiburi, na hicho kiburi alikirithi kwangu. Akacheka. Akaniuliza, pneu ya gari ikipasuka sokoni, mi nafanya nini? Nikasema mi siogopake kitu. Olga akasema Papa anadanganya, Papa njo anaingia wa kwanza chini ya meza ya nyanya.

Basi, ilikuwa mara moja.

Akeza akasema: mwili wa muzee unasikia bunduki pale bengine banasikia pneu. Moyo ya Olga iko vile vile. Pale bengine banasikia mulango tu, ye anasikia naachwa. Anakusukuma ye wa kwanza, ili kuachwa kusimukute amekaa. Ukishaenda kweli, woga inamurudia mara mbili, anakuvuta. Si ujanja, si shetani, na si kwamba hakupendi. Lakini akasema tena, na hii nilimuomba arudilie juu yako: hakuna mutu anapaswa kutupiwa sahani kwa jina la mapendo, na kumuponesha si kazi yako. Kazi ni ya Olga. Kila Alhamisi anaenda, yeye na benzake, banafundishwa kutaja wanachosikia moyoni mbele ya kukitupa. Bengi banatulia miaka ikipita, Akeza anasema. Ya kuwa ni kesho, hakuniahidi.

Mi alinifundisha hivi: akiwaka, usibishane, usipige magoti, usiondoke na hasira kimya kimya. Sema unaenda wapi, sema saa ya kurudi, acha kitu yako nyumbani, na saa ile urudi kweli. Nilikataa. Muzee kuaga mutoto! Nikajaribu, ikaenda. Sasa nawafundisha hata bale hawajaniuliza.

Sasa nikuambie ukweli. Hii barua siandikii nyumbani. Niko kwenye benchi ya jirani yetu, Mama Kabibi, juu leo asubui Olga amenifukuza. Nilisema tu nataka nishuke Lilongwe kukuona. Akasikia naye Papa anamuacha. Mukeka yangu ilipita mulangoni mbele yangu. Nikasema sawa, naenda kwa Mama Kabibi, kofia naiacha kwenye musumari, saa kumi narudi. Mama Kabibi ananicheka, eti muzee amepita vita mbili, anafukuzwa na mutoto wake, mukeka inamutangulia. Nimemuambia anyamaze, naandika.

Saa kumi imefika. Ngoja.

Nimerudi, sasa naandika ndani. Mulango ilikuwa imeegemezwa tu. Zamani angeweka kitasa na asiseme mpaka Jumapili. Maharagwe yaliiva. Akanipa sahani bila kuniangalia, akasema: Papa, nilikasirika juu niliogopa. Asani, we ulikaa naye miaka, ulishasikia neno hilo kinywani mwa Olga?

Nimemuambia nakuandikia. Amenikataza kuandika kama anakutaka. Basi siandiki. Naandika kile macho yangu inaona. Nyumba ni ndogo, sufuria ziko chini, ndoo iko chini, unga iko chini, na juu ya meza ya mashine hajaweka kitu. Kila asubui anaipangusa.

Kuja Jumapili. Mbuzi acha. Leta kichwa ya mashine. Akisema toka, toka, lakini kichwa ibaki, na saa uliyosema urudi. Na kama umeshakata shauri la kwenda, kuja umuambie mwenyewe, asiisikie kwa kabaza.

Salimia mama yako na mafundi benzako bote. Ukisema muzee anajisifu tu, muulize Mama Kabibi juu ya benchi na saa kumi, yeye hajawahi kunisaidia kwa uongo. Juu ya meza, muulize Olga. Atakataa. Angalia kitambaa mukononi mwake.

Baba-mukwe wako,
Zihindula